Sinema ya Mawe Chumbageni

Laurenti alikuwa na kanuni moja, na alimweleza kila aliyesimama karibu naye kwa muda wa kutosha: mpiga sinema wa kweli hagusi kitu. Hapangi watu, haulizi maswali, hamwambii mtu asogee penye mwanga. Anakaa pembeni na kamera yake kama kabati lililokuwamo chumbani tangu nyumba ijengwe, na maisha yanapita mbele yake yakiwa yamejisahau. Kanuni hiyo aliipata katika nchi moja ya baridi alikopelekwa kusomea sinema. Alirudi nayo Tanga mwaka 1984, pamoja na koti la sufu ambalo Tanga halina kazi yoyote, na ambalo alilivaa.

Kabla ya safari alikuwa mtu wa gari la sinema. Baba yake alikuja kutoka Kigoma kukata mkonge, na katika ukoo mzima Laurenti ndiye wa kwanza kulipwa kwa kazi ya kukaa kwenye kiti. Kwa miaka mingi alizunguka Pangani na Muheza akionyesha sinema moja, ya mbu. Sauti ya sinema hiyo ilikuwa imekufa zamani, kwa hiyo yeye mwenyewe alisimama kando ya pazia jeupe akasoma maelezo kwa kipaza sauti. Vijiji vingine vilikuwa vimeiona mara nyingi hata watu wakawa wanamtangulia. Akivuta pumzi tu, uwanja mzima unasema kwa sauti moja: "Fukieni madimbwi!"

Hayo ndiyo aliyotaka kuyakimbia. Idara yake kule Dar es Salaam ilimkabidhi kamera, kinasa sauti na mikanda michache iliyotolewa na wafadhili, ikamwekea sharti: alete sinema ya maisha ya kila siku mjini. Ikipendeza, atapewa meza Dar es Salaam katika chumba cha watengenezaji. Isipopendeza, gari lipo na dereva wake anamsubiri. Kwa hiyo kilichokuwa hatarini hakikuwa sanaa tu. Kulikuwa pia na suala la mbu.

Alianzia Chumbageni, mtaa aliopanga nyumba na mkewe Benedikta, uani kwa jirani yake Bi Mwanasiti, mjane aliyekaanga bajia na kuziuza kibarazani. Alisimamisha kamera juu ya miguu yake mitatu karibu na jiko, akatafuta pa kukaa, akatoa maelekezo yake ya mwisho kabla ya kutokuwapo.

"Bi Mwanasiti, wewe endelea na kazi zako. Jifanye sipo."

"Nijifanye hupo vipi, mwanangu, na umekalia mbuzi yangu ya nazi?"

Alihama mbuzi, akakaa chini. Kamera ikaanza kuzunguka. Bi Mwanasiti akachota unga, akageuza bajia, akapangusa jasho kwa pembe ya khanga, mambo yote yakaenda kama kanuni ilivyotaka kwa kiasi cha dakika moja. Kisha akajaza sahani, akaja nayo moja kwa moja mpaka kwenye lenzi.

"Karibu, baba. Zina moto."

"Bi Mwanasiti, mimi sipo."

"Basi kula kisha usiwepo."

Mkanda wa kwanza wote uliishia hivyo. Kila kipande kina mwanzo mzuri, na kila kipande kinamalizwa na mkono wenye sahani ukikua mpaka unaziba dunia. Laurenti alimweleza tena, kwa upole wa mtu aliyesoma, kwamba sinema hii itatazamwa na watu wa mbali, na watu hao wanataka kumwona yeye tu.

"Ndiyo maana," alisema Bi Mwanasiti. "Waone mgeni kaingia uani mwangu tangu asubuhi, kakaa, katoka, sijamwambia hata karibu? Watasema Mwanasiti ana choyo. Unataka kunitangaza mpaka huko kwenye makoti?"

Laurenti aliamua kwamba tatizo la maisha ya kila siku ya Tanga ni watu. Akaenda kutafuta mahali ambapo maisha yapo na watu hawapo. Jambo la ajabu ni kwamba alipapata.

Mwaka ule vitu vilikuwa haba. Sabuni, sukari, unga wa ngano na khanga vilipatikana kwa mgao katika duka moja la ushirika, siku ambayo haikutangazwa bali ilinong'onwa. Mnong'ono ukipita, watu walikwenda kupanga foleni, na kwa kuwa hakuna mwenye akili anayesimama mlangoni tangu alasiri mpaka kesho yake, walipanga mawe. Kila nyumba ilikuwa na jiwe lake. Jiwe la Bi Wanu lilikuwa na mstari wa chokaa. La mzee Shaib lilikuwa pande la tofali la kuchoma. Wengine waliweka kikapu kilichotoboka, buli lisilo na mdomo, ndara moja. Mwenye kitu akirudi asubuhi alisimama pale kilipo, na hakuna aliyemuuliza swali. Duka likifunguliwa, kila mtu aliinua jiwe lake akalibeba kiunoni, maana jiwe linalojulikana ni mali. Ukilisahau, wiki ijayo una kazi ya kuwashawishi watu wapya kwamba jiwe hili jipya ni wewe.

Laurenti alifika asubuhi, watu wakitoka msikitini, akakuta foleni ndefu ya mawe ikiota umande, na hakuna binadamu hata mmoja wa kumpa bajia. Nusura alie. Alilala kifudifudi barabarani na koti lake, akaweka jicho kwenye kamera. Mawe yalikwenda kwa mstari mpaka kwenye mlango wa bati. Alilipenda hasa jiwe moja jeusi laini, la nne kutoka mlangoni, akalipiga picha kwa muda mrefu bila kujua kwamba ni la Benedikta, na kwamba sabuni aliyoogea asubuhi ile ilipatikana kwa jiwe hilo. Alikuwa akidhani sabuni inanunuliwa.

Kasoro ilikuwa moja tu. Nyuma ya jiwe la Bi Wanu palikuwa na dumu la mafuta ya msaada, jeupe, lenye maandishi makubwa ya kigeni, limejazwa mchanga. Lilimeta. Kila alipotazama, jicho lilikimbilia kwenye dumu na mawe yakawa kama watumishi wake. Laurenti alitazama kulia, akatazama kushoto. Kisha mtu asiyegusa kitu akalisukuma dumu kwa ncha ya kiatu, kidogo, halafu kidogo tena, mpaka likawa nyuma ya sanduku la kamera. Alikusudia kulirudisha. Lakini mwanga ulikuwa umekuwa wa dhahabu, na mwanga wa dhahabu haumsubiri mtu, akaendelea.

Watu wakaanza kuja. Wakasimama kwenye mawe yao, pengo la dumu likazibwa na nyayo, mlango wa bati ukagongwa kwa ndani. Ukapita mnong'ono: khanga zimo. Bi Mwanasiti alifika mwisho kabisa, ananuka mafuta, ana haraka lakini hana wasiwasi, kama mtu anayekwenda kukaa kwenye kiti chake.

"Dumu langu li wapi?"

Alimshika Bi Wanu bega.

"Wanu, mimi si nilikuwa nyuma yako?"

"Ulikuwa nyuma yangu jana, shoga. Leo nyuma yangu yupo Yakoub."

"Mie nimekuta nafasi nimesimama," alisema Yakoub, akitazama mlango.

"Umekuta nafasi! Dumu zima limeota mbawa! Nina mzazi ndani mimi! Asmaa wangu anatoka arobaini, atoke na nini, na gunia?"

Hapa ndipo Laurenti alipopata alichokwenda kukisomea. Uso wa kweli, hasira ya kweli, hakuna aliyepangwa. Alijua kilipo kitu kinachotafutwa. Kilikuwa kinamgusa goti. Lakini mkanda ulikuwa unazunguka vizuri, na kanuni ilikuwa wazi: mpiga sinema haingilii. Akavuta lenzi ili uso wa Bi Mwanasiti ujae.

Uso ulijaa kuliko alivyotaka. Bi Mwanasiti alikuwa ameona kona ya dumu nyuma ya sanduku. Katika picha anaonekana akigeuka, akinyamaza, akija. Anakuja mpaka macho yanapotea, pua inapotea, kisha kiganja, kisha giza.

"Mwizi wa foleni," ilisema sauti yake kwenye kinasa sauti. "Kumbe wewe upo!"

Khanga zilikwisha kabla ya jua kuwa kali. Kesi ikapelekwa kwa balozi wa nyumba kumi, Mzee Sadalla, fundi cherehani mstaafu aliyehukumu huku akichokonoa meno. Laurenti alimwamkia shikamoo, akaanza kueleza juu ya mwanga. Mzee Sadalla akamwacha mpaka akachoka.

"Umemtoa mtu kwenye foleni," alisema. "Basi utamrudisha. Mgao ujao, na unaofuata, mpaka khanga zipatikane, nafasi ya Bi Mwanasiti utaishika wewe."

"Sawa, mzee. Nitatafuta jiwe zuri."

"Jiwe nani kakupa? Mtu mwenye jiwe ni mtu anayeaminika. Wewe utasimama mwenyewe, na miguu yako."

Alisimama. Mgao wa kwanza ulikuwa wa sukari, wa pili wa sabuni, na kila mara alikaa kati ya jiwe la Bi Wanu na kikapu cha Yakoub tangu alasiri, binadamu pekee katika mstari wa vitu, na kamera imefungiwa nyumbani. Wanawake waliopita kisimani walimtazama.

"Bwana Sinema, leo jifanye upo!"

"Mwacheni, anapiga picha kwa matako."

Ingependeza kuandika kwamba katika foleni ile alijifunza maisha. Hakujifunza kitu, aliumwa magoti. Lakini khanga zilikuja Asmaa akiwa bado ndani, Laurenti akapewa doti moja ya rangi ya machungwa bila kuulizwa anapenda ipi, akaipeleka uani kwa mikono miwili. Bi Mwanasiti aliikagua pindo kwa pindo.

"Rangi mbaya," alisema. "Kaa ule."

Mikanda ilikwenda Dar es Salaam, ikakaa. Ilisafishwa, ikakaa tena. Mwaka ulipita na mwingine ukaingia kabla Laurenti hajaitwa kwenye chumba chenye feni moja ili aitazame sinema yake pamoja na mkuu wa idara. Alikuwa ameiunga mwenyewe, bila muziki, bila msimulizi: mawe, umande, watu wanakuja, wanayainua, ugomvi, kiganja, giza. Taa ilipowashwa, mkuu alikuwa anakuna kidevu.

"Hawa wananchi wanajenga nini?"

"Hawajengi, mkuu. Wanangoja khanga."

"Khanga gani? Hakuna uhaba wa khanga."

"Sasa hivi hakuna, mkuu. Wakati ule—"

"Wakati ule pia haukuwapo. Kama ungekuwapo tungetangaza." Mkuu alirudia kutazama pazia tupu, na sura yake ikachangamka. "Nimeona watu wenye mawe kiunoni. Mzee, mama, kila mtu na jiwe lake. Hiyo ni kujitolea. Wanajenga zahanati."

Ugomvi ulikatwa. Mlango wa duka ulikatwa. Kiganja kilikatwa. Sauti zote zilifutwa, na mahali pake pakaandikwa maelezo, kurasa mbili zilizopigwa taipu, ambazo Laurenti angezisoma kwa kipaza sauti. Onyesho la kwanza lingefanyika Chumbageni kwenyewe, ili wananchi wajione. Likienda vizuri, meza ya Dar es Salaam ni yake, tena karibu na dirisha.

Laurenti alijaribu. Alisema kwamba sinema ya aina hii inaacha mambo yalivyo, na kwamba mpiga sinema hana haki ya kugusa.

"Kwani wewe uliyakuta mawe hivi hivi?" aliuliza mkuu, bila nia yoyote mbaya. "Hukusogeza hata moja?"

 Laurenti alichukua kurasa zake mbili.

Alizikariri njia nzima. Zilikuwa na maneno kama "shupavu" na "kwa kauli moja", na kwa sauti yake, aliyoinoa kwa mbu, hazikusikika vibaya. Alijiambia kwamba meza ikishapatikana atatengeneza sinema ya kweli. Benedikta, aliyekuwa akisikia mazoezi hayo kupitia mlango wa chumba, aliuliza jambo moja tu.

"Na jiwe langu limo?"

"Limo."

"Linajenga chumba gani?"

Tanga aliyoirudia na sinema yake haikuwa ile aliyoipiga picha. Biashara ilikuwa imefunguliwa. Maduka ya Ngamiani yalitundika khanga mpaka nje ya mlango, mitumba ilimwagwa barabarani kama mavuno, sabuni ilikuwa ya rangi tatu. Duka la ushirika lilikuwa limegeuzwa ghala la mtu. Hakuna aliyepanga foleni, kwa kuwa wenye nacho waliingia na kununua, na wasio nacho walisimama upande wa pili wa barabara wakitazama, jambo ambalo halihitaji mstari.

Pazia lilifungwa uwanjani baada ya magharibi. Katibu wa kata alikaa kwenye kiti chenye mikono, na nyuma yake Chumbageni yote ikakaa kwenye mikeka, Bi Mwanasiti mstari wa mbele na mjukuu mapajani. Laurenti alivaa koti. Picha ikawaka, mstari wa mawe ukatokea ukiwa mkubwa kama nyumba, na yeye akaanza.

"Hapa tunawaona wananchi shupavu wa Chumbageni, ambao kwa kauli moja—"

"Jiwe la Wanu hilo!"

"—ambao kwa kauli moja wameitikia wito—"

"Na lile tofali la marehemu Shaib! Jamani, Shaib!"

Uwanja ulinyamaza kidogo kwa ajili ya Shaib. Laurenti alitumia nafasi hiyo.

"—wito wa kukusanya mawe kwa ajili ya ujenzi wa zahanati."

Watu walitazamana, kama wanaohesabu nyumba za mtaa vichwani mwao.

"Wee Lorenti," ilisema sauti ya Bi Mwanasiti, bila ukali. "Zahanati ipi, mwanangu? Mie mgongo unaniuma tangu mwaka juzi. Nionyesheni mlango tu, nitaingia mwenyewe."

Kicheko kilianzia kwenye mikeka ya wanawake kikaenda mpaka ukutani. Laurenti aligeuza ukurasa, na upepo wa baharini, ambao haukuwa na cheo chochote katika idara, ukampokonya ule wa pili. Karatasi ilipaa, ikayumba kwenye mwanga wa sinema, ikatua kwenye mkeka wa Bi Mwanasiti. Laurenti aliiona. Ilikuwa hatua chache tu, nyeupe, imefunguka. Bi Mwanasiti akaitazama, kisha akamtazama yeye. Laurenti alijua kila neno lililokuwamo: lilikuwa kichwani, angeweza kulisema akiwa amelala. Alijua pia upande gani wa chumba kile cha Dar es Salaam dirisha lilipo. Aligeuza uso akatazama pazia.

Kipaza sauti kilikuwa wazi mkononi mwake, na kwa kuwa hakukitumia, kikachukua kilichokuwapo.

"Yule Yakoub, mwoneni anavyojisogeza!"

"Nilikuwa nimesimama tu!"

"Siku ile sukari iliisha kwangu mimi. Mimi hapa! Mlango ukafungwa usoni."

"Si ndiyo siku Semeni alizirai tukampepea kwa kadi ya mgao?"

"Kadi yenyewe ilikuwa imekwisha muda!"

Spika mbili juu ya gari zilipeleka hayo yote mpaka mtaa wa Nguvumali.

"Soma!" alisema katibu wa kata.

"Nasoma, ndugu katibu," alisema Laurenti, na akanyamaza mpaka mkanda ukaisha.

Sinema iliitwa Dar es Salaam wiki ile ile, na haijaonekana tena. Meza ya dirishani alipewa mtu mwingine, mwenye sauti nzuri. Laurenti alirudishiwa gari, na Pangani ikarudishiwa mbu. Mwaka uliofuata aliacha kazi, akanunua kamera ya video iliyotumika, na sasa hupiga harusi za mji mzima, ambako maharusi humwambia asimame wapi na yeye husimama.

Kwa watakaomsikiliza bado ana kanuni, ila hadithi yake imebadilika. Husema kwamba usiku ule aliichana karatasi ya serikali mbele ya katibu wa kata. Akiwa na wasikilizaji wageni, aliichana vipande vinne. Bi Mwanasiti, ukimfikishia habari hiyo kibarazani, hukuwekea bajia kwanza.

"Kaichana nani? Lorenti hajachana kitu. Karatasi iliniangukia hapa, miguuni. Nikamtazama, naye akageuza shingo kama hajaiona. Nikasema maskini, huyu akiiokota ataisoma." Hupangusa mikono. "Basi nikaikalia."